Bega la Maow

Mzee Maow alitoka Buna na eksirei yake ndani ya mfuko wa nailoni, ameikunja mara nne kama leso. Sipendi kabisa mtu akunje eksirei, na nilimwambia hivyo. Alicheka, akainyoosha juu ya goti.

"Hii bicha ndiyo adui yangu, daktari."

Mimi si daktari. Mimi ni Kathure, napiga picha za altrasaundi katika hospitali moja hapa Garissa, lakini huku kila mwenye koti jeupe ni daktari, nami nimechoka kukanusha.

Mfupa ulikuwa mzima, na hilo ndilo lililomponza. Kisima chao ni kirefu; wanaume husimama kwenye vidato ndani yake, mmoja juu ya mwingine, wakirushiana ndoo kutoka chini hadi kwenye birika la ngamia. Anayerusha, ngamia wake hunywa. Aliyevunjika, wenzake humrushia. Mvivu hunywesha mwisho, yakiwa yamebaki matope. Maow alipolalamikia bega, wenzake waliinua eksirei juani, wakaona mfupa mweupe usio na ufa, wakamrudisha kisimani. Akarusha ndoo mwaka mzima huku akiuma meno. Begani alikuwa na makovu ya chuma cha moto. Dawa ya nyumbani nayo walikwisha kuijaribu.

Nilimpaka jeli, akashtuka kwa baridi. Nikamwambia ainue mkono. Ulifika usawa wa kifua, ukaanza kutetemeka, akausukuma juu kwa mkono wa pili huku akitazama ukuta.

Kwenye skrini nikaitafuta ile kano inayoshika bega kwa juu. Nikaitafuta tena. Ilikuwa imekatika na kujivuta ndani, na msuli wake umegeuka mafuta. Nilipandwa na hasira, wala sikujua nimkasirikie nani. Eksirei haikudanganya: yenyewe huonyesha mifupa, kano haimo. Angekuja mapema ingeshonwa. Daktari wetu wa mifupa alizitazama picha zangu, akatikisa kichwa. La kuvunda halina ubani.

Nikamweleza Maow yote. Alisikiliza hadi mwisho bila kunikatiza.

"Sawa. Nibe hiyo bicha mbaya nionyeshe watu."

Nikaichapisha. Akaipeleka dirishani, akaigeuza juu chini.

"Imekatika wabi?"

"Hapa, penye weusi."

"Wallahi mimi naona mawingu tu. Na wao wataona mawingu." Akairudisha mezani. "Basi nifunge blasta."

"Mzee, plasta ni ya mfupa uliovunjika. Nikikufunga, bega litakauka, hata hizo nguvu kidogo zilizobaki zitakwenda."

"Lakini ngamia yangu itakunywa. Watu wakiona blasta hawaulizi kitu."

"Na siku ya kuitoa?"

Niliuliza tu ili nisilie mbele yake.

Nikachukua bendeji, nikautundika mkono wake shingoni. Haingemdhuru sana, wala haingemponya. Nilijiona mjinga, mtu mzima mwenye cheti ukutani, nikifunga kitambaa kana kwamba nafunga mwanasesere. Nilipofika kwenye fundo akanishika mkono.

"Funga kubwa, dada. Wataniangalia kutoka chini ndani ya kisima."

Nikafungua bendeji ya pili.