Picha ya Pasaka

Tulikuwa watatu, na tulijiita Kisogo. Fabian alikuwa mchora mabango ya saluni na maduka ya dawa za mifugo pale Bariadi. Maximiliana alikuwa fundi cherehani aliyeandika mashairi kwenye karatasi za kukatia mitindo. Mimi, Januarius, nilikuwa na kamera, mashairi yangu, na ujuaji mwingi. Masharti yetu tuliyaandika kwa rangi nyeusi kwenye gunia la pamba, tukalitundika ukutani chumbani kwangu. Sharti la kwanza lilikuwa hili: hakuna uso.

Usicheke. Tulikuwa na hoja zetu. Tulisema uso umechoka kupigwa picha. Kila nguzo ina uso wa mgombea, kila kalenda ina uso wa mtu anayetaka kitu kwako, na kila anayeingia studio huvaa uso ambao hakuamka nao. Kisogo hakijui kuigiza, na kisigino ndiyo kabisa. Mashairi nayo tuliyavua vina na mizani. Mtangazaji mmoja wa redio alisoma langu hewani, akawauliza wasikilizaji kama hilo ni shairi au barua iliyokatwa na mkasi:

Uso ni mlango wa duka.
Mimi nataka kupita uani
nimkute mwenye nyumba
akiwa hajajua kuna mgeni.

Wasikilizaji walisema ni barua.

Maonyesho ya kwanza tuliyafanya kwenye ghala tupu la pamba huko Lalago, kwetu nilikozaliwa. Walikuja watu kumi na wanne, na sita kati yao walidhani ni mkutano wa kugawa mbegu. Mzee mmoja alizizunguka picha zote, akasoma jina letu mlangoni, akasema, "Akupaye kisogo si mwenzio," akaenda zake. Tulifurahi mno. Kumuudhi mtu kwetu ilikuwa nusu ya kazi.

Niliyempiga picha kuliko watu wote alikuwa mama yangu, Milembe. Kwa miaka tisa, kila nilipokwenda Lalago, nilimpiga. Nilipiga mgongo wake akiwa ameinama na jembe. Nilipiga fundo la kilemba chake, kivuli chake juu ya mpunga ulioanikwa, godoro lilivyobonyea alipoamka.

"Mwanangu, mbona unanipiga kama mwizi anayekimbia?" aliniuliza siku moja, akacheka mwenyewe.

Hata hivyo alijivuna. Alitangaza hadi gulioni kwamba mwanawe ni mpiga picha, na picha zake zinatazamwa na watu wa mbali. Ndugu wakitoa simu zao kumpiga, alijifunika khanga. "Acheni," aliwaambia. "Wa kunipiga picha yupo."

Pasaka ya mwaka juzi, baada ya misa, aliniita uani. Alikuwa amevaa kitenge cha zambarau alichokitunza sandukuni, uso umepakwa mafuta ukang'aa, ameketi kwenye kiti cha plastiki na kunyooka kama mtu anayeapishwa.

"Leo nipige ya uso, Janu," alisema. "Kama watu wengine. Siku nikiondoka muiweke hiyo."

Ingenigharimu kubonyeza kidole kimoja tu. Fabian alikuwa Bariadi, Maximiliana naye alikuwa Bariadi, hakuna ambaye angejua. Lakini mimi ningejua, na nilikuwa na kiburi cha mtu ambaye hajawahi kufiwa. Nilimwambia atazame kamera, akatazama. Kisha nikaishusha lenzi kidogo tu, nikaipiga mikono yake iliyolala mapajani. Kamera ikalia.

"Nimetoka vizuri?" akauliza.

"Umetoka vizuri sana, mama."

"Wabeja," akasema, yaani asante, akainuka kwenda kupakua wali.

Picha hiyo ya mikono ndiyo iliyonipeleka Dar es Salaam. Waliikuza ikawa kubwa kuliko mlango, wakaitundika kwenye ukumbi wenye kiyoyozi, na pembeni yake shairi langu. Mwanamke mmoja mwenye miwani alisimama mbele yake akalia. Akaniuliza kama mama bado yu hai. Nilipomwambia yu hai, nilimwona kama amevunjika moyo kidogo. Sitadanganya: ile ilikuwa siku nzuri kuliko zote maishani mwangu. Nilirudi Bariadi nikitembea kama mwenye mji.

Mama alifariki mwezi wa pili mwaka huu, asubuhi, akiwa anapepeta mchele. Dada yangu Benedikta ndiye aliyenipigia simu. Tulilia wote wawili, kila mtu upande wake. Alipoweza kusema, aliniambia, "Njoo na ile picha ya Pasaka. Mama alituambia sote kwamba unayo, na kwamba ndiyo iwekwe. Watu wameshaanza kuiulizia."

"Nitakuja nayo," nikasema.

Nilifungua kompyuta nikapekua picha zote za mama. Zilikuwa zaidi ya elfu tatu. Katika moja kulikuwa na sikio na kipande cha shavu, na hapo kamera ilikuwa imetikisika. Nilikumbuka kitambulisho cha taifa, lakini yeye alipewa namba tu, kadi haikuwahi kufika. Kadi yake ya kupigia kura ililowa mvua ilipovuja kwenye bati, na uso ukabaki doa. Picha ya ndoa yake ililiwa na mchwa kabla mimi sijazaliwa. Harusi ya Benedikta, aliyekabidhiwa kupiga picha nilikuwa mimi, na albamu yake imejaa visogo vya wageni, jambo ambalo hajanisamehe hadi leo.

Nilikwenda kwa Sylvester. Sylvester ana studio karibu na stendi, yenye pazia lililochorwa ngazi za kifahari na maporomoko ya maji. Kwa miaka yote tulimcheka. Fabian alimwita fundi wa nyuso. Nilimweleza nilichotaka nikisubiri na yeye anicheke, lakini alinipa mkono, akasema, "Pole sana, kaka," akanivutia kiti. Ningependelea anicheke.

"Siku hizi kompyuta inatengeneza uso," alisema. "Wewe niambie tu alivyokuwa. Macho yake yalikuwaje?"

"Ya kawaida."

"Makubwa? Madogo?"

Nikatazama maporomoko ya maji kwenye pazia.

"Pua? Kidevu? Alikuwa na mwanya?"

Nilifumba macho nimtafute. Nikaona kisigino chake cha kulia chenye nyufa saba, nikaziona zote saba moja moja. Nikaona fundo la kilemba. Nikaona vidole vyake, kile kidogo cha kushoto kilichopinda. Uso ulikuja na kuondoka kama mtu anayepita dirishani. Nilikuwa nimekaa na mwanamke huyu miaka thelathini na nane, nimekula mkononi mwake, na sikuweza kumwambia mtu baki kama alikuwa na mwanya.

"Alifanana na nani?" Sylvester akauliza taratibu.

"Watu walisema na dada yangu. Benedikta."

Benedikta alikuwa amewahi kupiga pasipoti pale. Sylvester aliitafuta picha hiyo, akaiingiza kwenye programu yake, akaanza kumwongezea umri. Ngozi ikashuka, nywele zikawa nyeupe, midomo ikapungua. Akamvika kilemba na kitenge cha zambarau. Haikuchukua nusu saa, mbele yetu akawepo bibi mmoja mzuri, anatazama mbele, anatabasamu kidogo. Sikumjua.

Nilifika Lalago na fremu kubwa iliyofungwa kwa karatasi. Uani kulikuwa kumejaa watu, jeneza limeshafungwa liko chini ya turubai, na meza ndogo yenye kitambaa cheupe ilikuwa inaisubiri picha. Benedikta aliipokea, akafungua karatasi upande mmoja, akaacha. Alinishika mkono akanipeleka nyuma ya jiko.

"Huyu ni mimi," alisema. "Huyu ni mimi nimezeeka. Picha ya mama iko wapi?"

Nikamweleza yote, ya lenzi, ya mikono. Nilitegemea kofi, na nadhani nililitaka. Hakunipiga wala hakupaza sauti.

"Kilemba chake siku ile ya Pasaka nilimfunga mimi," alisema. "Alinifungulisha mara mbili, akasema hakijakaa sawa."

Fabian na Maximiliana walikuwa wamekuja msibani, na walitufuata wakidhani kuna jambo. Fabian aliposikia, macho yakamwaka. "Basi tuiweke mikono!" alisema. "Januarius, ile ndiyo kazi yako kubwa. Mikono ndiye mama. Twende tukaichape."

"Wewe nyamaza," Benedikta akamwambia. "Mama yako yu hai."

Fabian akanyamaza. Mimi pia nilinyamaza, na hapo ndipo nilipojifahamu. Kama niliamini kweli yale tuliyoyaandika kwenye gunia, ilikuwa saa ya kusimama niseme mama ni mikono hii, itazameni. Sikuthubutu. Nilimnyima mama uso kwa ajili ya sanaa, halafu nikaikana sanaa kwa kuwaogopa watu wa msiba. Hata msaliti huwa na upande mmoja anaoutumikia.

Katekista alichungulia, akasema padre amefika. Benedikta aliifuta kioo ile fremu kwa ncha ya khanga.

"Ilitakiwa ibebwe na mtoto wa marehemu," alisema, kama anayesoma ratiba. "Nitaibeba."

Akatangulia mbele ya jeneza, ameikumbatia sura yake mwenyewe iliyozeeka, hadi mezani, na baadaye hadi kaburini. Nilitembea nyuma yake nikimtazama kisogo. Watu walisogea kuiona picha, wakalia kwa uchungu. "Ndiye," walisema. "Ndiye Milembe kabisa, anakaribia kusema." Hao ni watu waliochota naye maji kisima kimoja.

Ni mmoja tu aliyekataa. Nyanjige, rafiki wa mama tangu usichana wao, aliyevuna naye pamba mstari kwa mstari, alisogea na fimbo yake akaitazama picha kwa karibu, pua ikikaribia kugusa kioo.

"Yaya," akasema. Hapana. "Huyu siyo Milembe. Mliyemweka hapa ni nani?"

Wakamshika mabega. "Bibi, macho yamechoka. Njoo ukae kivulini." Alipokuwa anaondolewa aligeuka akanitafuta mimi, kwa kuwa mimi ndiye mwenye picha, niseme. Nikatazama viatu vyangu.

Kisogo kilikufa bila hata kikao. Fabian hanipigii simu. Maximiliana aliniletea shairi la pole, nikalisoma, nikaona ni zuri, nikashindwa kumwambia. Watu wa Dar waliandika kwamba sasa mama ametangulia, ile picha ya mikono imepata uzito mpya, wangependa kuizungusha nchi mbili tatu. Sikuwajibu. Nashika kamera kwa Sylvester sasa, mbele ya maporomoko yake ya maji. "Inua kidevu kidogo," nawaambia watu. "Hapo hapo. Tazama huku." Sijaandika mstari hata mmoja tangu mazishi.

Hayo yote ningeyabeba. Nisichoweza kukibeba ni kwamba Benedikta alichapisha nakala za ile picha akawagawia ndugu, nami akanipa yangu, na tangu hapo nikifumba macho kumkumbuka mama, anayekuja ni yule bibi wa kompyuta ya Sylvester. Ule uso uliokuwa ukipita dirishani haupiti tena. Anakuja huyu, na tabasamu lake dogo, na hata sauti ya mama ameichukua.

Mwezi wa saba, pamba ikiwa inavunwa, nilikwenda kwa Nyanjige. Nilikuwa na daftari. Nilijiambia yupo mtu mmoja duniani ambaye hakudanganyika, nami nitaandika atakachosema, neno kwa neno, macho yalikuwaje, pua ilikuwaje.

"Mwadila, mayo," nikamwamkia, nikimwita mama kwa Kisukuma. Alikuwa ndani, ameketi kwenye kigoda. Ukutani, pembeni ya kalenda ya parokia, ilitundikwa ile picha. Benedikta alimpelekea na yeye.

Nikamwambia, "Mayo, siku ile ulisema kweli. Yule siyo mama." Nikamweleza, kama nilivyomweleza dada. Alisikiliza mpaka mwisho.

"Nilijua," akasema. "Nikaambiwa nimezeeka."

"Nisamehe. Nimekuja unieleze alivyokuwa. Uso wake."

Nyanjige alifumba macho. Nilishika kalamu. Nje watu walikuwa wanapita na mizigo ya pamba, wanaongea kwa sauti. Alikaa hivyo muda mrefu, midomo ikichezacheza, mara mkono wake ukainuka ukagusa shavu lake mwenyewe, ukashuka.

"Mwanzoni nilikuwa namuona yeye," akasema, macho bado yamefumbwa. "Huyu wa ukutani nilimfukuza. Nilimwambia toka, sikujui. Lakini yeye yupo hapa kila siku, mwanangu. Naamka naye, nalala naye. Siku hizi nikimuita Milembe, anaitika huyu."

Alifumbua macho akaitazama picha kwa chuki.

"Itoe," akasema.

Nikainuka nikaitoa msumarini. Pale ilipokuwa imening'inia palikuwa na udongo mtupu na ule msumari. Nyanjige alipatazama. Alipatazama hadi nikaanza kuogopa, kisha akaanza kulia, bila sauti, kama wanavyolia wazee.

"Irudishe," alisema. "Irudishe tu. Bila huyo sina kabisa."

Nikairudisha msumarini, nikainyoosha isilale upande.