Samaki wa Meneja

Meneja alikula samaki mbele ya kamera, akalamba vidole, akasema bahari imepona. Mpishi wa kantini alisimama nyuma yake na kikaango, akitabasamu kama alivyoagizwa.

Tangu bomba la mafuta ghafi la kampuni lipasuke, ghuba ilikuwa imegeuka nyeusi kama tako la sufuria. Weusi ulipozama, hofu ilibaki juu, na hakuna aliyethubutu kula kilichovuliwa humo. Sasa wanakijiji wangekula. Mpishi ni mwenzao, na wamemwona kwenye televisheni akikaanga.

Ambacho hawakukiona ni kasha la barafu. Samaki wale walitoka mbali, kwenye maji masafi, wakaletwa na dereva wa kampuni alfajiri kupitia mlango wa nyuma. Uongo nao una adabu zake.

Kamera zilipozimwa, mpishi aliuliza awaambie nini watu wa nyumbani.

"Waambie umepika samaki," meneja alisema. "Si umepika?"

"Nimepika, bosi."

"Basi hujasema uongo. Na mama, wanaoitaka kazi yako wamejaa pale getini."

Mshahara ule ndio uliolisha nyumba nzima. Lakini binti yake alikuwa na mimba pevu, na mpishi aliogopa kwelikweli. Njia nzima alijipanga: atamvuta binti chumbani, amnong'oneze. Dereva, aliyetumwa amfikishe, hakuishia mlangoni. Aliingia naye.

Uani majirani walikuwa wamekwishakaa na samaki wa ghuba. Binti alimkaribisha dereva.

"Nimeshiba, dada," dereva alisema, akitazama viatu vyake.

Binti akamgeukia mama yake, akaweka sahani mbili. "Nilikuwa nakusubiri tule pamoja. Nilipokuona umewapika wewe, wasiwasi uliniisha."

Mpishi alimtupia dereva jicho. Dereva bado alikuwa amesimama. Mpishi akavuta sahani yake, akavuta na ya binti, akala zote mbili bila kupumua, ladha ya mafuta ghafi ikimkereketa koo. Majirani walicheka hadi machozi. Mmoja akasema kumbe jikoni kwa wakubwa mtu hushiba harufu tu.

Binti naye alicheka. Akajiinua kwa taabu, mkono kiunoni, akarudi jikoni.

"Kula, mama, usione haya," alisema. "Wamejaa ndoo."