Kasisi wa Ngazi ya Tisa

Jumamosi ya tarehe kumi na nne Juni, Kanini alirusha dadu ikatoka ishirini, na hapo ndipo kila kitu kiliharibika.

Si kamari. Ni mchezo wa kusimulia. Kila mtu ana mhusika wake. Msimulizi anawapa shida, wao wanasema watafanya nini, dadu ya pande ishirini inaamua. Wakishinda wanapata alama, na alama zikijaa mhusika anapanda ngazi na kupata nguvu mpya. Kitabu cha sheria zake na dadu vilitoka Syokimau, kwa nyumba ambamo marehemu mke wangu Nzilani alikuwa anafua nguo. Kijana wa hapo alienda ng'ambo akamwachia. Mimi shule niliachia darasa la sita nikaenda kuchonga mawe Lukenya, kwa hivyo msimulizi alikuwa Nzilani.

Alikuwa na kanuni moja: shida ilingane na nguvu. "Mtu wa ngazi ya kwanza mpe panya wa ghalani," alikuwa akisema. "Wa tano mpe kijiji kizima. Wa kumi mpe mfalme. Ukimpa mkubwa kitu kidogo atasinzia."

Tangu tumzike nimekaa kiti chake, na hiyo kanuni niliikataa makusudi. Wahusika walikuwa ngazi ya nane, nami nawapa wezi wa mbuzi. Rodgers, kijana wa kiwandani Athi River anayekuja na vumbi la simiti masikioni, alichoka.

"Mzee Masila, mimi naruka angani. Natema moto. Na bado unanituma Mwala kutafuta beberu?"

"Beberu ni wa mjane."

"Wiki jana pia alikuwa wa mjane. Huyo mama si ajengewe ua, tupumzike?"

Sababu niliijua mwenyewe. Nzilani alikuwa akitembea nasi ndani ya hadithi kwa jina la Mbula, mtafuta maji, anayetangulia mbele na fimbo. Nilimchongea Mbula jiwe jeupe, dogo kama kidole gumba. Baada ya mazishi sikuweza kusema kwa sauti yake, nikawaambia wenzangu Mbula amekufa akivuka mto. Na kitabu kinasema kasisi akifika ngazi ya tisa anaweza kumrudisha aliyekufa. Kasisi ni mhusika wa Kanini, na Kanini ni mdogo wake Nzilani. Anauza mitumba sokoni Machakos, na kicheko chake ni kile kile cha dada yake. Akicheka mlangoni, mimi hugeuka. Kwa hivyo niliwalisha mbuzi. Mbuzi wana alama chache.

Hasira ndiyo iliniponza. Asubuhi ya siku hiyo redio ilisema wakubwa wamekata utepe wa mashine nyingine ya hospitali, wakapigiwa makofi. Mke wangu aliambiwa mashine iko lakini mwenye ufunguo hayuko, rudi Jumatatu. Jumatatu ilimkuta mochari. Hakuna aliyeulizwa. Wakubwa hawaulizwi, wanakatiwa keki.

Basi mchana nikaacha mbuzi, nikawapa Mtunza Ufunguo. Nilimpa kila kitu: ngozi ya chuma, walinzi, gari lisilosimama. Na nikampa neno moja. Akikwambia "rudi Jumatatu", nguvu zinakuishia na unajikuta kwako. Nilitaka wapigwe. Nilitaka waone kwamba wakubwa hawashindwi.

Rodgers akaruka, akatema moto.

"Rudi Jumatatu," nikasema.

Akajikuta kwake. Akajaribu tena, akarudishwa tena. "Huyu ni wa serikali kabisa," akasema, akajimiminia chai.

Zamu ikawa ya Kanini. "Shemeji, mimi sipigani. Kasisi wangu anakaa mlangoni."

"Anafanya nini hapo?"

"Anakaa. Akiambiwa arudi Jumatatu, anasema Jumatatu itamkuta hapo hapo."

"Hiyo haiwezekani."

"Imeandikwa wapi?" Hakuniangalia. "Siku ile hospitalini tuliinuka tukaenda nyumbani, mimi na wewe, tukimshika dada mkono. Leo siinuki."

Nikamwambia labda atoe ishirini, maana ishirini hutoka mara chache na sikuona njia nyingine ya kumzuia. Akarusha. Ikagonga chupa ya chai, ikazunguka, ikalala ishirini juu.

Mtunza Ufunguo akafungua. Ningefanya nini?

Rodgers alikuwa tayari anapiga hesabu kwa simu. "Mzee, adui wa uzito huu ametupatia alama za mwaka mzima. Sote ni ngazi ya tisa." Akaiweka simu chini alipoona uso wangu. Adui akiwa mkubwa, alama nazo ni kubwa. Nzilani angelipima hilo kabla ya kufungua mdomo. Mimi nilipima kwa hasira.

Kanini akasimama, akachukua lile jiwe jeupe juu ya redio, akalipangusa kwa leso, akaliweka katikati ya meza.

"Kasisi wangu anamrudisha Mbula."

"Tufunge," nikasema. "Nimechoka. Kesho kuna kanisa."

"Ni saa tisa mchana, mzee," Rodgers akasema polepole.

Nikawalaumu walioandika kitabu. Wako huko mbali wanapanga nani atarudi na nani hatarudi, hawajui wanacheza na nyumba ya nani.

"Kinasema nini?" Kanini akauliza.

Nikasoma kwa kidole, neno kwa neno. Roho ya marehemu iulizwe kwanza, na ikubali yenyewe.

"Sasa nani anamjibia?" Rodgers akauliza, kisha akainamia kikombe chake. Mhusika asiye na mchezaji, msimulizi ndiye humjibia. Sote tulijua.

"Muulize, shemeji," Kanini akasema. "Hata akikataa, nitakubali. Lakini asikie ameulizwa."

Jumamosi kadhaa zimepita na jiwe bado liko mezani. Tunakula tukilizunguka. Rodgers huja, hunywa chai, hachokozi mtu tena. Kanini huketi karibu na mlango, hainuki mpaka mimi niinuke. Jana, kabla ya kuinuka, nililivuta jiwe karibu nikauliza kwa sauti, wote wawili wakisikia:

"Mbula, mlango umefunguliwa na watu wako wako hapa. Utarudi?"