Kikohozi cha Maabara

Ukirisiti mtihani, yaani ukiurudia, mara ya kwanza watu wanakupa pole. Ukirisiti mara ya pili, wanaanza kukushauri ujaribu ualimu. Enock alikuwa anarisiti kemia kwa mara ya tatu, na pale mtaani Izia, Sumbawanga, hakuna aliyemuuliza tena kitu. Kijana alitaka udaktari, basi. Baiolojia alikuwa nayo, fizikia alikuwa nayo. Kemia ndiyo iliyomkaa kooni, E alipomaliza shule, E mwaka juzi na E mwaka jana, na kwa E chuo cha udaktari hakikufungulii mlango. Baba yake, Mzee Meshack, Msukuma aliyehamia Rukwa na ng'ombe wake, alikwishasema: safari hii ikishindikana, kijana anarudi machungani. Na Mzee Meshack hakuwa mtu wa kusema neno mara mbili.

Ajabu ni kwamba kemia ya daftarini Enock aliijua. Wenzake wa tuisheni yeye ndiye waliyemfuata awaeleze. Alikuwa anaanguka kwenye vitendo, tena kwenye kazi ambayo hata mtoto wa kidato cha tatu anaiweza: kudondosha asidi kidogo kidogo kwenye chupa yenye maji ya njano, na kufunga bomba mara tu njano inapogeuka kuwa rangi ya chungwa.

Siku chache kabla ya mtihani alikuwa akifanya zoezi hilo na Fortunata, binti wa Kifipa ambaye naye alikuwa anarisiti.

"Enock, mbona bado unamimina? Imeshageuka zamani."

"Imegeuka saa ngapi?"

Fortunata alidhani ni utani. Akamtoa nje hadi kwenye mipilipili ya mwalimu, akamwambia achume zilizoiva tu. Enock akachuma, akamfungulia kiganja: mbichi na mbivu zimechanganyika. Fortunata akacheka sana, kisha akauona uso wa mwenzake, kicheko kikamkauka.

Hapo ndipo Enock alipokumbuka viboko vya utotoni. Nyumbani kwao ng'ombe huitwa kwa rangi yake, na yeye kila akitumwa kumtoa yule mwekundu majanini, alirudi na mwingine. Walisema ni mzembe, naye akaamini. Kumbe ni macho. Hakuna aliyewaza hivyo, maana huyo huyo mzembe ndiye aliyekuwa akimwona fisi akiwa mbali kuliko wote.

Walikwenda kwa Mwalimu Beda, mwenye tuisheni. Alisikitika kweli.

"Mwenye tatizo la macho huandikwa wakati wa kujisajili ili asaidiwe," alisema. "Sasa hivi, mwanangu, hata nikilia, nani atanisikia?"

Maji yalikuwa yamemfika Enock shingoni, na mfa maji haachi kutapatapa. Fortunata ndiye aliyeleta wazo. Meza yake ingekuwa nyuma ya Enock, chupa angeiona. Ikigeuka tu, angekohoa. Enock alikataa, kwa kuwa wakikamatwa wote wawili wanafutiwa matokeo. Asubuhi ya mtihani akakubali. Aibu ilimjaa, lakini hofu ilikuwa kubwa kuliko aibu.

Niseme nini juu ya watoto waliokulia Sumbawanga wakaisahau baridi ya mwezi wa tano? Upepo ulikuwa unapenya hadi kwenye mifupa. Maabara nzima ilivaa masweta, na maabara nzima ilikuwa inakohoa.

Enock alifungua bomba. Maji ya kwenye chupa, kwake yeye, yalikuwa yale yale. Akasikia kikohozi nyuma, kidogo kulia. Ni yeye? Akafunga. Asidi iliyotoka ilikuwa mililita kumi na tisa. Aliporudia mara ya pili kikohozi kilikuja mapema mno, na mara ya tatu vikaja viwili kwa pamoja. Alijua kwamba vipimo visivyofanana ni sawa na kukiri kuwa hujui. Basi akaishika ile kumi na tisa, akaandika nyingine mbili zifanane nayo. Alimwomba Mungu jambo moja tu, kwamba kile kikohozi cha kwanza kiwe cha Fortunata.

Walipotoka alimkuta getini, macho yamemvimba.

"Nisamehe, Enock. Msimamizi alisimama pembeni yangu tangu mwanzo. Sikukohoa hata mara moja. Nilijibana mpaka machozi yakanitoka."

"Hata kile cha kwanza?"

"Hata hicho."

Enock akakaa chini pale pale kwenye vumbi. Akataka kujua na akatamani asijue.

"Wewe ulipata ngapi?"

"Ishirini na nne na nusu. Meza yetu yote tumepata hivyo." Fortunata akachuchumaa mbele yake. "Na wewe?"

Enock akalia mbele ya watahiniwa wote bila hata kujifunika uso.