Jasho la Bi Wahida

Ijumaa ya kwanza baada ya mvua kukatika, Zubeida alifagia kaburi la mama yake, Bi Wahida, akang'oa magugu ya miguuni, kisha akapitisha kidole kwenye jiwe la kichwani na kukiweka ulimini. Alionja vumbi. Akajaribu upande wa pili wa jiwe, unaotazama kibla, akaonja vumbi tena. Akakaa chini mchangani, fagio bado mkononi.

Kwao Kilindwe, kijiji cha pwani walichohamishwa ili gesi ipate nafasi, kitovu cha mtoto kikidondoka, baba yake hushuka mwambani maji yakitoka na kumbandulia kipande cha jiwe la jasho. Ni jiwe la kijivu lenye vimetameta vya kijani, zito kuliko unavyolidhania. Siku zote huwa kavu, ila mwenyewe akiwa karibu hutoa jasho la chumvi, na kadiri anavyosogea ndivyo linavyozidi kulowa, awe mzima au maiti. Wanawake waliweka mawe ya waume zao dirishani wakajua saa ya kupakua wali. Tuaibo alipoaga kwamba anakwenda Namoto kununua vitenge, jiwe lake lilishinda likitiririka, na mkewe wala hakuhangaika kumtafuta mbali. Alikwenda kupiga hodi kwa jirani, basi. Mtu akifa, jiwe lake huwekwa kichwani pake, na hapo huendelea kutoa jasho kama kawaida.

Makaburi nayo yalihamishwa. Kampuni ya gesi ilileta vijana wenye glavu, masanduku ya mbao na sanda mpya, ikawaomba wenyeji wasubiri kwenye mabasi kwa heshima ya marehemu. Mawe yalikuja na lori lake. Siku ya kuzika upya ilikuwa katikati ya masika, mvua ikipiga kweli kweli, na kila jiwe lililosimamishwa lilikuwa chapachapa. Watu wa Kilindwe, ambao hata watoto wao wanajua jasho ni lipi na maji ni yapi, walisoma dua, wakashukuru, wakakimbilia chini ya mabati. Hakuna aliyeonja. Zubeida naye hakuonja, na hilo ndilo lililomkera kuliko yote.

Aliinuka akapita kaburi hadi kaburi. La shangazi yake, kavu. La maalimu Momade, kavu, na buibui ametanda. Alipofika kwa marehemu baba wa Assane, kidole kilirudi na chumvi. Jiwe lilikuwa linatiririka, na mchanga chini yake umeshafanya ukoko mweupe.

Assane ndiye lida, kiongozi wa kijiji, na ndiye aliyesaini karatasi za kuhama kwa niaba ya wote. Zubeida alimtilia shaka tangu siku ya kugawiwa nyumba, alipoona ya Assane peke yake ndiyo iliyoelekezwa upepo wa baharini. Alimkuta barazani anakunywa chai.

"Baba yako anatoka jasho," alimwambia.

"Anatoka," Assane akakubali.

"Na wetu je?"

"Muda ulikwisha, dada. Buldoza lilikuwa limeshawashwa. Wakaniambia, mmoja tutamtoa vizuri, chagua. Wewe ungemchagua nani?"

"Ningekuja kuwaambia wenzangu. Kwenye sanduku la mama mlitia nini?"

"Mchanga," alisema Assane. "Lakini wa kule kule Kilindwe."

Alasiri Zubeida aling'oa jiwe la mama yake, akalifunga ndani ya mtandio, akatembea hadi kwenye uzio wa kampuni. Kwenye mnazi wa mwisho lilianza kuota unyevu. Alipofika kwenye seng'enge, mtandio ulikuwa umelowa mpaka mbavuni, na alipopitisha mkono upande wa pili, jasho lilimdondoka kiwikoni. Mlinzi, mtu wa Mueda aitwaye Délcio, alisogea akatazama.

"Atakuwa pale wanapoegesha magari ya mabosi," alisema, akionyesha kwa kidevu. "Jana alikuja mzee mmoja, mkewe naye yuko papo hapo. Pole, mama."

"Nipishe nikamsomee."

"Hapo siwezi. Soma ukiwa hapo hapo, sauti inafika."

Zubeida akasoma hapo hapo, akilia bila kujificha. Délcio, ambaye ni Mkristo, akavua kofia mpaka alipomaliza.

Siku chache baadaye kampuni ilimtuma Dona Anabela, mshughulikiaji wa mambo ya jamii. Alilionja mwenyewe jiwe la Bi Wahida pale kaburini, hakusita.

"É verdade, Dona Zubeida, kweli ni kavu. Hatukatai." Akampa pole kwa sauti nzuri, akaahidi kwamba jambo hilo litakuwa limekwisha ifikapo Ijumaa. Zubeida alimtazama viatu, akaona havina vumbi, na moyo wake haukutulia.

Kweli lilikwisha. Alfajiri ya Ijumaa boza la maji lilipita makaburini polepole likinyunyizia mawe yote. La baba yake Assane lilirukwa, maana halikuhitaji. Watu walipokuja kuzuru walikuta mawe yanang'aa. Walionja, wakakuta maji ya bomba, wakafuta vidole kwenye kanzu na kuanza kusoma. Tangu hapo boza huja kila Ijumaa, na wapo wanaolisifu, kwa kuwa bamia zimeota kandokando ya makaburi, laini, za kupendeza. Assane humpungia dereva mkono.

Zubeida alilichukua jiwe la mama yake akaliweka uvunguni, kavu, limefunikwa. Lake mwenyewe liko juu ya kabati na hulowa kila aingiapo. Jioni moja, akijisugua mafuta kwenye miguu iliyovimba, alimwita binti yake Zainabo.

"Siku yangu ikifika, msinizike masika. Na jiwe mlionje."

"Maiti hangoji msimu, mama."

"Najua. Nitajitahidi iwe kiangazi."

Zainabo alikunja nguo moja, akakunja ya pili.

"Hata kiangazi boza linapita Ijumaa," alimkumbusha.

Zubeida akafikiri.

"Basi nitajitahidi iwe Alhamisi."