Migrevilea ya Mpakani

Wenseslaus alikuwa mtoto wa kwanza, Rogath wa mwisho. Kwa desturi yao Wachagga wa Marangu, nyumba ya baba humwendea kitinda mimba. Nyumba hiyo ilikaa juu ya kilima, na barazani uliona Kibo, kilele kirefu cha Kilimanjaro, kizima, cheupe hadi mabegani. Wenseslaus alikatiwa kihamba, shamba lake la urithi, bondeni. Huko kilima kingine kilificha Kibo. Alichobakiwa nacho ni kilele cha Mawenzi, cheusi, kilichochongoka.

Haikumuuma mpaka biashara ilipoachiwa huru na watalii wakamiminika. Wageni aliowaongoza yeye mlimani wakishuka walikwenda kunywa kahawa kwa Rogath, wakitazama Kibo.

"Mawenzi ndiye kaka," aliwaambia njiani, kwenye jangwa la mawe kati ya vilele viwili. "Moto wake ulizimika zamani, mvua ikamla. Kibo ni mdogo wake."

"Na Mawenzi hupandwa na nani?" mgeni mmoja aliuliza.

"Karibu hakuna."

Siku moja wakinywa mbege, pombe ya ndizi, Rogath akamtania, "Kaka, njoo kwangu uone mlima! Kwako si unaona gego bovu tu?"

Watu wakacheka. Wenseslaus naye akacheka. Wiki iliyofuata akapanda migrevilea, miti irefukayo upesi, mpakani, mbele ya baraza ya Rogath.

"Ya kivuli cha kahawa," alimwambia mkewe, Dominika.

"Kahawa ipi, Baba Priska? Pale hakuna hata mche mmoja."

Jioni, wakisali Baba Yetu, alipofika kwenye kusamehe makosa alimeza maneno harakaharaka.

Miti ikarefuka, ikaziba Kibo. Wageni wakaacha kwenda kwa Rogath. Wenseslaus alingoja ugomvi. Haukuja.

Jumapili moja baada ya misa alipanda kumsalimia mama yao, Mektrida, aliyeishi kwa Rogath. Alimkuta barazani na rozari, ameielekea miti.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, baba. Wense, mlima umeenda wapi? Nimezoea kusali nikiutazama. Nikimuuliza Rogath, kila asubuhi ananiambia ni ukungu."

Rogath alikuwa mlangoni na kikombe, ameinamisha macho.

Wenseslaus alishuka bila kuaga. Alichukua shoka, akaangusha mti baada ya mti, Dominika akimwangalia. Kisha akachuma jani la sale mpakani, lile ambalo Mchagga akiletewa hawezi kukataa kusamehe, akapanda nalo. Alimpa mdogo wake kwa mikono miwili.

Rogath alilipokea. "Yameisha, kaka."

"Ukungu umeondoka!" mama akasema, akafanya ishara ya msalaba.

Kibo kilisimama wazi, theluji iking'aa juani. Kilikuwa kizuri mno. Wivu ukamchoma Wenseslaus upya, palepale, jani likiwa bado mkononi mwa Rogath. Ee Bwana, aliomba kimoyomoyo, na huu pia uukate.

Rogath akamsogezea kigoda. "Kaa basi, kaka, utazame."

Akakaa.