Kompyuta ya Kumsomea Mikaeli Masafa

Haya nilisimuliwa na Rahel, binti wa jirani yangu Mikaeli, Jumapili iliyopita baada ya misa, tukimenya njegere barazani kwangu.

Mikaeli ana leseni ya redio ya ridhaa, ile ya kuzungumza na watu wa mbali kwa kujifurahisha tu. Kila akitoka kwenye kabichi zake hapa Mgeta alikaa redioni kupiga soga na mwenzake Elia, mkulima wa mpunga kule Dakawa. Nuru ya macho ilipomwisha, hakuziona tena namba za masafa. Akaogopa kuangukia masafa ya watu, akaifunika redio kwa kitenge. Hata nyumbani maneno yakampungua.

Rahel, fundi simu mjini Morogoro, jambo hilo lilimkaa rohoni. Basi akapanda huku Mgeta milimani na kompyuta na kisanduku alichokiunda mwenyewe: waya mmoja wa USB uingie kwenye kompyuta, mwingine uingie nyuma ya redio.

"Shikamoo baba. Nimekuletea macho."

"Marahaba. Kama yana makengeza, rudi nayo."

Akaunganisha, akabonyeza. Redio ikahama masafa yenyewe, kompyuta ikatamka namba.

"Wewe taja tu unakotaka, baba. Mashine itakupeleka."

"Na mimi nikae kama gunia la viazi kwenye lori?" Mikaeli akainuka, akaenda zake bustanini.

Rahel akabaki mlangoni, moyo umemvunjika. Huko kwenye mteremko akamwona mama yake, Filomena, anamfuata mumewe nyuma. Hakumshika mkono. Alisema tu, "Jiwe kushoto. Hapo pana utelezi." Miguu ilikuwa ya Mikaeli mwenyewe.

Rahel akarudi ndani, akaandika upya maagizo ya kompyuta. Isiiendeshe redio tena. Iiulize tu iko masafa gani, kisha itamke.

Jioni Rahel akamwambia baba yake azungushe mwenyewe; Mikaeli akashika swichi ya masafa, akaizungusha. Kompyuta ikataja namba.

"Umepitiliza, baba."

"Nimesikia. Niache."

Akarudisha polepole hadi masafa yao, akaita. Mikwaruzo tu. Akaita tena.

"Mikaeli? Ni wewe kweli?" Elia akauliza.

"Ni mimi. Ndege wamekuachia mpunga wowote?"

Waliongea mpaka Filomena akachoka kusikiliza, akaenda kulala. Mikaeli akamfuata, anacheka peke yake. Rahel akazima kompyuta, akajinyoosha mkekani kando ya redio, na usingizi ukampitia.